Don Knotts

Jesse Donald Knotts (anajulikana zaidi kama Don Knotts, Morgantown, West Virginia, 21 Julai 1924 – Los Angeles, California, 24 Februari 2006) alikuwa mwigizaji na mchekeshaji kutoka nchini Marekani. Anakumbukwa hasa kwa kuigiza watu waoga wanaojifanya majasiri, akiwemo jambazi Theodore Ogelvie katika filamu ya kauboi The Apple Dumpling Gang (1975).

Maisha ya awali

Knotts alikuwa kitinda mimba katika familia ya watoto wanne wa kiume. Baba yake alikuwa na ugonjwa wa akili na ulevi, na mara nyingine alimtishia mtoto huyo kwa kisu. Baba alifariki Don akiwa na miaka 13. Mama yake aliendesha nyumba ya wapangaji ili kuilea familia.

Tangu ujana wake alifanya maonyesho ya kikaragosi, akizungumza bila kutikisa midomo. Wakati wa Vita Kuu ya Pili ya Dunia alitumwa Pasifiki pamoja na kikundi cha kuburudisha askari. Baada ya vita alirudi masomoni, akahitimu Chuo Kikuu cha West Virginia mwaka 1948.

Kazi

Mwaka 1955 alishiriki tamthilia ya jukwaani No Time for Sergeants mjini New York, akiwa pamoja na Andy Griffith. Katika kipindi cha televisheni cha Steve Allen alivuma kwa kuigiza mtu anayetetemeka anapohojiwa.

Kuanzia 1960 hadi 1965 alikuwa Barney Fife, askari wa mji mdogo, katika The Andy Griffith Show. Barney aliruhusiwa risasi moja tu, nayo ilikaa katika mfuko wa shati. Uhusika huo ulimpatia tuzo 5 za Emmy.

Filamu za kauboi

Kwa kawaida filamu za kauboi humtukuza mpiga bastola asiyejua hofu. Knotts alichekesha kwa kuigeuza sura hiyo. Katika The Shakiest Gun in the West (1968) ni daktari wa meno anayesifiwa kwa shabaha, kumbe anayelenga ni mwanamke aliyejificha.

The Apple Dumpling Gang ilitengenezwa na kampuni ya Walt Disney kutokana na riwaya ya Jack Bickham. Inahusu mayatima watatu wanaopata bonge la dhahabu. Wanapoona watu wanaitaka dhahabu kuliko wao, wanawaomba Ogelvie na mwenzake Amos Tucker (Tim Conway) waiibe. Majambazi hao hawawezi hata kuiba ngazi bila kuangushana. Mwaka 1979 walirudi katika The Apple Dumpling Gang Rides Again.

Miaka ya baadaye na kifo

Kuanzia 1979 hadi 1984 aliigiza mwenye nyumba Ralph Furley katika Three's Company. Hofu aliyoigiza haikuwa ngeni kwake: kwa miaka mingi alisumbuliwa na sonona na wasiwasi mkubwa kuhusu afya yake, akatafuta tiba ya kisaikolojia. Uzeeni macho yake yalidhoofika sana, lakini aliendelea kufanya kazi. Mwaka 2005 alitoa sauti katika filamu ya katuni Chicken Little.

Alifariki akiwa na umri wa miaka 81, kutokana na matatizo ya upumuaji yaliyohusiana na saratani ya mapafu. Mwaka 2016 sanamu yake ilizinduliwa Morgantown, mji alikozaliwa.