Mbegha, Mwindaji Asiyesahaulika

Watoto wa Usambara hawachoki kusikia habari za Mbegha. Simulizi zasema alizaliwa Ngulu, na kwa kuwa aliota kwanza meno ya juu, alihesabiwa kigego, mtoto wa nuksi. Jamaa zake wakamnyima urithi. Akachukua mikuki na mbwa wake, akahamia Kilindi. Huko mwana wa mkuu wa nchi akafa katika uwindaji wao, naye Mbegha akakimbilia porini.

Alipofika milimani, nguruwe walikuwa wakiharibu mashamba ya Washambaa. Mbegha akawaua, akagawa nyama, akaamua magomvi kwa haki. Kule Vugha aliua simba usiku, na wenyeji wakamtawaza. Ukoo wake, Wakilindi, ulitawala milima hiyo kwa vizazi vingi, na mamlaka ya machifu yalifutwa nchini baada ya Uhuru.

Abdallah bin Hemedi l'Ajjemy aliyaandika hayo kwa Kiswahili katika Habari za Wakilindi, ambacho toleo lake la 1962 laweza kusomwa na mtoto wa Unguja sawasawa na wa Lushoto.

Wengine huona humo hekaya kuliko historia. Na iwe hivyo. Mtoto hufurahi kuona aliyefukuzwa akitukuzwa. Mtumishi wa serikali naye na atazame sababu ya kutukuzwa kwake: hakuanza kwa kudai kodi, bali kwa kuwaondolea wakulima adha. Kitabu hiki chastahili kuwamo katika maktaba za shule, bara na visiwani, kabla wasimulizi hawajatuishia.