Margaret Tait: Daktari aliyetumia kipato chake kurekodi maisha ya kawaida

Mwaka 1952, mwanamke mmoja wa Scotland alimrekodi mama yake mzazi akivuta sigara, akilima bustani na akihangaika kubandua pipi iliyonata kwenye karatasi. Hakuna harusi, hakuna msiba, hakuna ugomvi. Filamu nzima haifiki dakika tano.

Inaitwa A Portrait of Ga, na mpaka leo inaoneshwa kwenye matamasha ya filamu. Aliyeitengeneza ni Margaret Tait.

Alizaliwa tarehe 11 Novemba 1918 mjini Kirkwall, kwenye visiwa vya Orkney, kaskazini mwa Scotland. Ni sehemu ya wakulima, wafugaji na wavuvi, yenye upepo mkali na miti michache.

Tait alisomea udaktari Chuo Kikuu cha Edinburgh, akahitimu 1941 wakati Vita Kuu ya Pili imepamba moto. Akaingia jeshini kama daktari, kazi iliyompeleka India, Ceylon (Sri Lanka ya sasa) na Malaya.

Vita ilipoisha, angeweza kutulia na udaktari wake. Badala yake, mwaka 1950 alienda Roma kusomea filamu kwenye chuo cha Centro Sperimentale di Cinematografia. Miaka hiyo watengeneza filamu wa Italia walikuwa wanatoka studio na kuingia mtaani, wakiwapiga picha watu wa kawaida badala ya mastaa.

Kazi mbili, mfuko mmoja

Aliporudi Scotland alikuwa na kampuni yake, Ancona Films, jina alilolitoa kwenye mtaa aliokaa Roma. Ofisi ipo, lakini pesa je?

Pesa ilitoka kwenye udaktari. Tait alikuwa akishika nafasi za madaktari wenzake wanapokuwa likizo, akilipwa ananunua mikanda, kisha anarudi kwenye kamera. Mikanda ilikuwa ghali, hivyo kila dakika aliyorekodi ilikuwa ya kufikiria mara mbili.

Alitengeneza filamu kwa zaidi ya miaka 40 na kuacha filamu zaidi ya 30. Karibu zote alizigharamia mwenyewe. Sio kwamba hakuomba msaada. Aliomba, ila maombi mengi yaligonga mwamba. Filamu zake nyingi hazikuwa na stori ya kumshika mtazamaji mkono, na kuziuza haikuwa rahisi.

Alikuwa anatazama nini?

Vitu vya karibu. Mwaka 1956 alitoa Rose Street, filamu kuhusu mtaa wa Edinburgh aliokuwa anafanyia kazi: watoto wanacheza, watu wanapita, maduka yanafanya biashara.

Baadaye akarudi nyumbani Orkney. Huko alitumia miaka kadhaa kumrekodi jirani yake, mkulima Mary Graham Sinclair, akiwa shambani kwake katika misimu tofauti. Filamu hiyo, Land Makar, ilitoka 1981. Jina lake linamfananisha mkulima na mshairi: mshairi anatunga kwa maneno, mkulima anatunga kwa ardhi.

Filamu yake pekee ndefu ya kuigiza, Blue Black Permanent, ilitoka 1992. Alikuwa ana miaka 73. Anatajwa kuwa mwanamke wa kwanza wa Scotland kuongoza filamu ndefu.

Mwaka huohuo, Mtanzania Flora M'mbugu-Schelling alitoa These Hands, filamu kuhusu wanawake wanaoponda kokoto karibu na Dar es Salaam. Haina msimulizi. Mtazamaji anakaa na mikono, nyundo na mawe mpaka aelewe mwenyewe. Wanawake wawili, nchi mbili, imani moja: kazi ya mtu wa kawaida inatosha kuwa filamu.

Kwa mwenye simu Mwankoko

Kijana wa Mwankoko, Manispaa ya Singida, leo ana kitu ambacho Tait hakuwahi kuwa nacho: kamera ya mfukoni isiyohitaji mkanda. Lakini mara nyingi simu inatolewa pakiwa na ajali, ngoma au mtu maarufu. Mama akipepeta alizeti uani, au fundi akiziba pancha ya baiskeli, hakuna anayerekodi. Anaonekana kila siku, kwa hiyo inadhaniwa atakuwepo siku zote.

Tait hakudhani hivyo. Mama yake alishaondoka duniani, lakini namna alivyohangaika na ile pipi bado ipo.

Margaret Tait alifariki Kirkwall tarehe 16 Aprili 1999, akiwa na miaka 80. Sifa nyingi zilikuja baada ya hapo. Mwaka 2010 ilianzishwa tuzo yenye jina lake, ili kuwapa wasanii wa Scotland wanaofanya kazi za picha jongefu kile alichokikosa yeye karibu maisha yake yote: pesa ya kutengeneza filamu.