Charles Mingus: mupigaji wa kontrebasi aliyekataa kuuza jasho yake bure

Wasomaji wetu, leo tunawaletea maisha ya mutu wa muziki. Lakini mutu wa mine na jamaa yake watayasikia mbiyo, sababu ni mambo ya kazi, ya mikono na ya malipo.

Charles Mingus alizaliwa siku ya 22 mwezi wa ine 1922, mu Nogales, kamuji ka Arizona, karibu na mupaka wa Marekani na Mexico. Baba yake alikuwa sajenti mu jeshi. Charles alikuwa angali muchanga wakati jamaa ilihamia Watts, ku Los Angeles, na mama yake akakufa. Mama wa kambo njo alimulea. Alikuwa anamupeleka ku kanisa ya maombi, mahali watu wanapiga makofi, wanalia na kuitikia muhubiri kwa sauti. Ile sauti ya kanisa tunaisikia mu muziki yake yote.

Alianza na tromboni, kisha akapenda selo. Lakini miaka ile orkestra kubwa za wazungu hazikupokea mutu mweusi, hata ajue kupiga namna gani. Rafiki yake Buddy Collette akamushauri achukue kontrebasi, chombo ambacho kingemupatia kazi. Kontrebasi ni ile besi kubwa ya mbao, ya kamba ine, inayopita mutu urefu. Sisi watu wa rumba tunajua: wengi wanasikiliza solo ya gitare, lakini besi njo inashika nyumba, sawa vile miti inayoshika dari ya mine. Hakuna anayeiangalia, lakini siku inatoka, kila kitu kinaanguka.

Mingus alijifunza na Red Callender, kisha miaka 5 na Herman Reinshagen, aliyekuwa amepiga mu orkestra kubwa ya New York. Mu 1943 alitembea na Louis Armstrong, yule yule aliyekuja kupiga hapa Kongo mu 1960. Kiisha akapiga na Lionel Hampton, halafu na Red Norvo. Jina ilianza kutoka, lakini jina haijazi sufuria. Kulikuwa wakati aliacha muziki na kutumika ku posta.

Mu 1952, yeye, bibi yake Celia na mupigaji wa ngoma Max Roach wakafungua nyumba yao ya disiki, Debut. Walikuwa wanaona namna wapigaji wanatoa jasho, na feza inabaki kwa wenye kampuni. Wakataka mwenye kulima njo avune. Abbey Lincoln, muimbaji aliyeolewa na Roach kisha, alikuwa kati ya wale waliopiga kelele mu ONU ku New York, mwezi wa pili 1961, juu ya mauaji ya Lumumba. Ile kundi ya wapigaji haikutenga muziki na haki.

Siku ya 15 mwezi wa tano 1953, Mingus na Roach walipiga mu Massey Hall, ku Toronto, pamoja na Charlie Parker, Dizzy Gillespie na Bud Powell. Ile magaribi kulikuwa pambano kubwa ya boksi, watu wakabaki kuifuata, viti vingi vikabaki bure. Feza ya kulipa wapigaji haikutosha. Mingus akarudi na bande ya ile konseri. Akasikia besi yake haitoke muzuri, akaipiga tena mu studio, na Debut ikatosha disiki. Leo wapenda jazz wanaihesabu kati ya disiki kubwa kabisa. Debut yenyewe haikudumu miaka mingi.

Kazi yake ya kupanga muziki ilikuwa na namna yake. Mara mingi hakupenda kuwapa wapigaji karatasi. Aliwaimbia kila mutu fungu yake, mupaka ishike mu kichwa, kisha kila mumoja aongeze ya kwake. Mu 1959 alitosha disiki Mingus Ah Um. Ndani yake kuko muziki juu ya Orval Faubus, gavana wa Arkansas, yule aliyetuma askari mu 1957 kuzuiza watoto 9 weusi wasiingie mu masomo ya wazungu ku Little Rock. Ile disiki ilitoka bila maneno. Mwaka uliofuata, ku kampuni ingine, Mingus akaitosha na maneno yake yote ya kumuchekelea gavana.

Hatutaki kumusafisha kupita kipimo. Mingus alikuwa na hasira mubaya. Duke Ellington, aliyekuwa kama baba yake mu muziki, alimufukuza mu orkestra mu 1953 juu ya vita na mupigaji mwenzake. Mu 1962 alimupiga Jimmy Knepper, mupigaji wa tromboni, akamuvunja jino. Kwa mutu wa tromboni, jino ni chombo ya kazi. Ile palaver ilifika mu tribinali. Lakini ile mwaka 1962 Ellington alikubali kufanya disiki pamoja naye na Roach, na Knepper naye, kisha miaka mingi, alirudi kupiga naye.

Mu 1966 walimufukuza mu nyumba ku New York, mahali alitaka kufungua masomo ya muziki. Vitu vyake vikatupwa inje, na kontrebasi pia, kamera zikiangalia.

Mwisho wa 1977 waganga walimukuta na ugonjwa wa mishipa unaokula nguvu ya mikono na miguu. Yule aliyeishi na vidole vyake hakuweza tena kushika kamba. Alikaa mu kiti ya magurudumu, akaendelea kutunga kwa kuimba mu mashini ya kurekodi. Mu mwezi wa sita 1978, Prezida Jimmy Carter alimupokea na kumukumbatia mbele ya watu, na Mingus akalia.

Alikufa siku ya 5 mwezi wa kwanza 1979, ku Cuernavaca, Mexico, akiwa na miaka 56. Bibi yake Sue alipeleka majivu yake mu muto Ganges, ku India.

Kisha kifo walikuta mu makaratasi yake muziki ya zaidi ya saa mbili, Epitaph. Sehemu yake alijaribu kuipiga mu 1962 ku New York, ikaharibika: wakati watu wamekwisha kuikaa, wengine walikuwa wangali wanaandika noti. Mu 1989 orkestra ya watu karibu 30 iliipiga yote. Mwenyewe hakuisikia. Lakini jina iliyoandikwa ku karatasi ilikuwa paka yake.