Fernand Léger, mchoraji aliyeingiza sufuria na chupa ndani ya sinema

Fernand Léger anajulikana duniani kwa michoro yake. Lakini filamu yake moja fupi, isiyo na hadithi, ndiyo iliyoonyesha kwamba kifuniko cha sufuria kinaweza kutazamwa kwa makini kama uso wa mtu.

Alizaliwa tarehe 4 mwezi wa pili mwaka wa 1881 huko Argentan, Ufaransa, mtoto wa mfugaji wa ng'ombe. Alijifunza kuchora ramani za nyumba mjini Caen, kisha mwaka wa 1900 akahamia Paris.

Vita Kuu ya Kwanza vilipoanza mwaka wa 1914, alikuwa tayari mchoraji mwenye jina. Alipelekwa mstari wa mbele. Baadaye alisimulia kwamba huko, jua likiwaka juu ya chuma cha mzinga, alijifunza kuona uzuri wa kitu jinsi kilivyo. Vita hivyo karibu vimmalize: alivuta gesi ya sumu huko Verdun, akalazwa hospitali mwaka wa 1917. Mwaka uliotangulia, akiwa likizoni Paris, rafiki yake Apollinaire alimpeleka kutazama filamu za Charlot. Tangu hapo sinema ilimkaa moyoni.

Mwaka wa 1924, pamoja na Mmarekani Dudley Murphy, alimaliza Ballet mécanique. Ndani yake mna chupa, vifuniko, vyombo vya kupigia mayai, kofia ya majani na viatu. Kila kitu kinaletwa peke yake, karibu sana, kikizunguka au kuning'inia, bila meza wala jikoni nyuma yake. Mama mmoja mwenye mzigo begani anapanda ngazi, na kabla hajafika juu anarudishwa chini, tena na tena, hadi mtazamaji ahisi uzito ule.

Filamu hiyo ilionyeshwa mara ya kwanza mjini Vienna mwaka huohuo. George Antheil aliitungia muziki, lakini muziki ukawa mrefu kuliko filamu, kila kimoja kikaenda njia yake.

Mwaka wa 1940 Léger alikimbilia Marekani, akarudi Ufaransa vita vilipokwisha. Alikufa tarehe 17 mwezi wa nane mwaka wa 1955 huko Gif-sur-Yvette, akiwa na miaka 74. Jumba la makumbusho lenye jina lake lilifunguliwa Biot mwaka wa 1960.