Mzee Ojwang wa Vitimbi

Katika mitaa ya mashariki ya Nairobi, tangu Pumwani na Shauri Moyo hata Makadara na Jericho, ilipita miaka ambapo televisheni moja ilitazamwa na watu wa nyumba nyingi. Kituo kilikuwa kimoja tu, Sauti ya Kenya, ambacho mwaka 1989 kilirudishiwa jina la Shirika la Utangazaji la Kenya. Kituo cha pili, KTN, hakikuja mpaka 1990. Mtoto aliyechungulia dirishani kwa jirani hakuuliza mchezo wa leo ni upi. Aliuliza kama Ojwang ameshatokea.

Jina lake la kweli marehemu huyu lilikuwa Benson Wanjau. Alikuwa Mkikuyu, na Kenya nzima ikamjua kuwa Mjaluo. Si jambo dogo hilo katika nchi ambayo jina la mtu hupimwa kabla ya maneno yake. Aliivaa lafudhi ya wenzake miaka na miaka, kwanza katika Darubini kisha katika Vitimbi, nao wenyewe wakamwita wao.

Namhurumia mwandishi wa magazeti aliyetakiwa kuueleza mchezo wake kwa mistari miwili katika safu ya vipindi. Kisa chenyewe kilikuwa chepesi: mume mwenye siri na tamaa ya fedha, na mkewe, Mama Kayai, aliyechezwa na Mary Khavere, ambaye hadanganyiki. Akikisimulia chote, ameukata utamu. Akisema ni kichekesho cha mtu na mkewe, hakusema kitu. Afanye kama mtunzi wa fumbo, ambaye hufunga asifungue. Aandike kwamba Ojwang ameficha kitu uvunguni na Mama Kayai yumo njiani kurudi, kisha aweke kalamu chini. Yaliyobaki yalikuwa usoni mwa Ojwang, na katika kule kunyamaza kwake kabla ya kusema uwongo, na kunyamaza hakuandikiki.

Sisi wa Mwambao tulikuwa na yetu. Kiswahili chake kilitukwaruza masikio, na wako wazee walionuna kweli kweli kwamba lugha inachezewa. Lakini walinuna huku wakitazama. Mimi naona hakuichezea. Alikionyesha Kiswahili cha Nairobi kama kilivyo, cha watu waliokutana mjini kila mmoja na ulimi wa kwao.

Umaarufu haukumtajirisha. Uzeeni macho yake yalipofifia, wananchi ndio waliomchangia fedha za matibabu, wengi wao wakiwa wale wale waliokuwa wakichungulia madirishani. Alifariki Nairobi tarehe 12 Julai 2015, umri wake miaka 78, akazikwa katika makaburi ya Lang'ata. Magazeti yalipotangaza msiba, yalilazimika kuliandika jina la Ojwang kando ya lile la Wanjau, wasomaji wapate kujua ni nani aliyekufa.