Sheikh Ali bin Abdallah Mazrui, Kadhi wa Mombasa

Zingatia khabari za mwanachuoni huyu.

Amezaliwa Mombasa mwaka 1825, katika kabila iliyokuwa ikitawala mji huo. Mwaka 1837 Seyyid Said bin Sultan akawavunja Mazrui. Kijana Ali akasoma Makka. Aliporejea akawa kadhi wa Mombasa, katika dola ya wale wale waliowashinda wazee wake.

Basi tazama uzito wa kazi hiyo. Kadhi huhukumu kwa sheria ya Mwenyezi Mungu, lakini aliyemweka ni mtawala, na wa kumwondoa ni huyo huyo. Maadamu kesi ni za mirathi, talaka na madeni, hapana ugomvi. Taabu huja ilimu ya kadhi inapogusa madhehebu ya mwenye kiti.

Watawala wa Unguja walikuwa Ibadhi. Asili ya Mazrui pia ni Ibadhi, lakini Sheikh Ali alishika madhehebu ya Shafii, akayafundisha na kuyatetea, na watu wakamfuata. Seyyid Barghash akamtia gerezani. Hakutoka ila baada ya Barghash kufa, Machi 1888, alipofunguliwa na Seyyid Khalifa.

Sheikh Ali akafariki mwaka 1894. Mwanawe, Sheikh Al-Amin, akawa Kadhi Mkuu wa Kenya mwaka 1937, chini ya serikali ya Kiingereza.

Mwenye akili na azingatie: sheria ilikuwa ile ile siku ya kufungwa na siku ya kufunguliwa, kilichobadilika ni mtawala tu.

Mwenyezi Mungu awarehemu. Amin.