MGR: Steringi aliyetoka kwenye picha akawa Waziri Kiongozi

Wengi wetu tukisikia picha za Kihindi, akili inakimbilia Bombay na Amitabh. Lakini kusini mwa India, jimbo la Tamil Nadu, watu wanaongea Kitamil na wana sinema zao wenyewe. Steringi wao mkubwa alikuwa M. G. Ramachandran. Kule ukisema MGR tu, inatosha.

Jamaa alizaliwa 1917 karibu na Kandy, Sri Lanka. Baba akafariki mapema, mama akabaki hana kitu, ikabidi MGR na kaka yake Chakrapani waingie kikundi cha maigizo wakiwa bado watoto ili wapate kula. Njaa aliijua mwenyewe, hakusimuliwa. Picha ya kwanza alicheza 1936, sehemu ndogo tu, akasota zaidi ya miaka kumi kabla jina halijashika.

Mwaka 1958 akacheza pata potea. Picha inaitwa Nadodi Mannan. Aliitengeneza mwenyewe, akaiongoza mwenyewe, na akacheza watu wawili: mfalme na mlalahoi anayefanana naye kama pacha. Mfalme anatekwa, mlalahoi anakalishwa kwenye kiti chake, anaanza kutunga sheria za kuwatetea wanyonge. Ikapasua vibaya! Wakati huo MGR alikuwa mwanachama wa DMK, chama cha upinzani. Masikini wakatoka ukumbini wakijiuliza: huyu si ndiye tunayemtaka?

Kuanzia hapo akailinda sura hiyo. Kwenye picha havuti, halewi, leo mvuvi, kesho mvuta rikisho, na mwonevu lazima apigwe.

Mnajua ule msemo, steringi hafi? Januari 12, 1967 mwigizaji mwenzake, M. R. Radha, alimpiga risasi ya shingo. Akapona. Picha yake akiwa na bandeji ikasambazwa kwenye kampeni, DMK ikashinda na yeye akapata ubunge akiwa hospitalini. Sauti haikurudi kama zamani, lakini mashabiki hawakumkimbia.

1972 akafukuzwa DMK baada ya kudai mahesabu ya chama. Akaunda chama chake, na 1977 akawa Waziri Kiongozi. 1984 alishinda tena akiwa amelazwa New York! Alifia madarakani Desemba 24, 1987. Kwenye msiba fujo zikazuka, watu wakafa.

Je, alifanya nini? 1982 alipanua sana mpango wa chakula cha mchana kwa watoto, mamilioni wakala. Hilo huwezi kumnyima. Lakini huyu huyu asiyegusa chupa kwenye picha, 1983 serikali yake iliunda shirika la jimbo la kuuza pombe. Pesa ya mlalahoi ikawa inarudi serikalini kupitia glasi.

Njia aliyoifungua haijazibwa. Jayalalithaa, aliyecheza naye picha 28, akawa Waziri Kiongozi 1991. Staa Vijayakanth akaanzisha chama 2005, na Vijay naye 2024.

Mimi naona waliompa kura hawakuwa wajinga. Walichoka na wanasiasa ambao hata kuigiza kwamba wanawajali walishindwa. Ila sinema ina saa tatu, serikali ina miaka mitano. Wadau mnasemaje, mngempa kura?